Jani la isale nililolipeleka kusiko

Jumapili. Manyunyu tangu asubuhi, mlima umejifunika, na kahawa niliyoanika nimeirudisha ndani.

Mwanangu, hujambo huko uliko? Sisi wa Kibosho tupo. Baba yako hajambo, ni kifua tu, na siku hizi haongei. Deo hajambo, ndiye aliyenifundisha kuandika humu mtandaoni. Anna anakupa shikamoo, na mtoto wake ameanza kusimama. Ng'ombe amezaa dume. Bibi yako yupo, anapumua, anakuulizia.

Jina lako siliandiki hapa, watu wanasoma. Mwenyewe utajijua.

Unakumbuka ule mguu wa Bibi ulivyokuwa unamliza hata ukishamchoma sindano ya maumivu. Mimi nikasema ugonjwa umekomaa. Kwa majirani nilijivuna, kwamba sisi nesi tunaye humuhumu nyumbani, hatuhangaiki. Basi ile wiki ambayo hukuja, sista wa zahanati ya parokia alipanda kumchoma yeye. Dawa ni ileile uliyokuwa unasema unamchoma. Bibi akalala mchana kutwa kama mtoto. Alipoamka akaomba mtori, akamaliza bakuli.

Nilifurahi. Mjinga mimi, nilifurahi.

Kesho yake matron wako akapiga simu. Wamekukuta umelala sakafuni kwenye stoo ya wodi, sindano iko mkononi. Wamekusimamisha kazi, na chumba chako cha Majengo umekihama bila kuaga mtu. Hapo ndipo nikaelewa kwamba Bibi alikuwa anachomwa maji, na dawa yake unajichoma wewe.

Sikulia mbele ya baba yako. Nilikwenda kumenya ndizi, nikalilia huko.

Halafu nikachuma jani la isale pale mpakani mwa kihamba, shamba letu la nyumbani, nikalifunga fundo kama tunavyofanya tukikosa, nikashuka nalo mjini kwa matron kukuombea msamaha. Nilijua akishalipokea, hasira imekwisha. Kumbe matron ni mtu wa Songea, mila yetu ya isale haijui. Mama mpole, alilipokea kwa mikono miwili, akalitia kwenye glasi ya maji mezani, akasema jani hili linapendeza, asante mama. Nikakosa uso wa kumweleza.

Lakini alinikalisha. Alisema wewe si wa kwanza. Mnainua wagonjwa mpaka mgongo unakufa, mnaunganisha zamu, na ufunguo wa kabati la dawa unao wewe mwenyewe mfukoni. Ulianza na mgongo, akasema, sindano moja tu ili umalize zamu. Anasema ni ugonjwa na unatibika, anakutafuta akupeleke kwa daktari.

Mgongo, mwanangu. Nilikuona jikoni ukijishika kiuno, nikadhani una mimba. Nilishaanza kufuma kofia.

Nikamweleza Bibi yote, maana aliyeumia ni yeye. Akauliza isale nimempa nani. Aliposikia habari ya glasi alicheka mpaka akakohoa, nikamshika kifua.

"Mama Deo," akasema, "nani alilala na maumivu, huyo matron au mimi?"

Nikamfunika mguu vizuri, akaendelea.

"Alete mwenyewe. Nitalipokea."

Hayo ndiyo maneno yake, sijaongeza kitu. Unamjua Bibi, akisema atapokea, amepokea. Ila amepungua mno. Haumwi sasa, lakini nikimgeuza kitandani namsikia mwepesi kama kikapu kitupu, na hapo naogopa.

Usije na sukari wala kitenge. Masale yapo palepale mpakani. Chuma jani moja, funga fundo, ingia kwa mlango wa jikoni. Baba yako nimeshaongea naye. Ukitoka kwa Bibi tutashuka wote wawili kwa matron, nitakushika mkono hata kama watu wanatazama.

Ukisoma hapa nijibu upesi, hata neno moja tu, kwamba upo. Mbwa akibweka Bibi ananituma mlangoni, nami naenda.