Jina la Baba kwenye Santuri

Korogwe, Juni 1936

Kwa dada yangu Rosina, Mnyuzi,

Shikamoo. Natumaini barua hii itakukuta umepata nguvu, na kwamba shemeji Ernesti ameacha kujisifu kwa majirani kana kwamba ni yeye aliyezaa. Mimi mwili ni mzima.

Umeniuliza kama mtoto apewe jina la baba yetu, Mdoe, kwa desturi yetu. Nisome mpaka mwisho ndipo uamue.

Unajua kazi yangu kwa hawa Wazungu wa sinema ni kutunga hadithi. Safari hii nilitunga ya ile njaa yetu ya Sindeni. Mzee aitwaye Mdoe ametundika mbegu za mtama darini, juu ya moshi wa jiko. Watoto wanalia njaa, naye hazigusi, mpaka mvua inanyesha na kijiji kizima kinapanda mbegu zake. Niliweka jina la baba kwa sababu ndiye aliyefanya hivyo. Mpishi wetu wa hapa kazini alimwigiza vizuri hata nikatokwa na machozi.

Lakini picha zetu hazina sauti, dada. Maneno hutiwa baadaye kwenye santuri, nayo hupigwa picha zikionyeshwa. Picha ilipokuwa tayari, Bwana, yule Mzungu mkuu wetu, akasema mbegu za moshini ni ushamba, watu wafundishwe kuchukua mbegu za serikali. Hakukata hata kipande, aliniamuru nibadili maneno tu. Basi mzee yule yule anakwea darini, na sauti inasema: mtazameni Mdoe mjinga, anawanyima wanawe chakula; na kijiji kinapopanda, inasema mbegu zimetoka serikalini. Nilibisha, akanijibu kwamba watunzi si haba. Sauti hiyo ni yangu.

Gari la sinema limezunguka wilaya nzima. Siku hizi mtu mchoyo huitwa Mdoe, hata sokoni.

Wiki iliyopita baba alikuja Handeni mjini kuona kazi ya mwanawe. Walimpa kiti cha mbele kwa heshima yangu. Mimi nilikuwa kwenye gari nikiiangalia santuri, na sikuizima. Watu walicheka, naye alikaa mpaka mwisho. Baadaye akaniuliza kama ninakula vizuri huku. Tulipoagana ndipo aliponituma kwako: mtoto wa Rosina asiitwe Mdoe, atafutiwe jina la upande wa Ernesti.

Bwana ameagiza hadithi nyingine ya Mdoe. Nimeshaianza.

Msalimie shemeji, na unibebee mtoto, kwa jina lolote mtakalompa.

Mdogo wako,
Simeo