Vifungo vya Mgongoni

Mamboleo, Kisumu
Jumapili jioni

Kwako Baba,

Pokea salamu zangu nyingi. Natumaini goti limepoa na Mama ameacha kukohoa. Mimi sijambo, nakula vizuri, na leo nimeenda kanisani.

Jirani yetu Joram alipofika hapa jana aliniambia umewasimulia watu wote wa huko nyumbani Luanda Kotieno kwamba nilipoanguka na pikipiki, koti lako la zamani ndilo lililoniokoa. Eti hata mchungaji amelitaja. Nilicheka, kisha nikatafuta karatasi ya kukuandikia.

Unakumbuka enzi zako za boda ya baiskeli hapa Kisumu, ulivyolivaa nyuma mbele ili upepo usikupige kifuani? Kila asubuhi ulichuchumaa mlangoni nikufunge vifungo mgongoni. Vilikuwa vinne. Cha mwisho nilikichelewesha makusudi, nawe ukinigombeza kwamba wateja wako wa Milimani watatembea kwa miguu. Koti lilinuka jasho na mafuta ya mnyororo, lakini machoni pangu hakukuwa na baba nadhifu kama wewe. Nazikumbuka sana asubuhi hizo.

Nilipoanza kazi hii ya boda ya pikipiki ulinipa koti hilo, ukanionya nisiliache hata jua likiwaka. Baba, jua la Kisumu unalijua. Na wenzangu wa steji, pale tunapongojea abiria, wana midomo! Nikanunua kijaketi cha jinzi, kifupi, kinachonikaa vizuri.

Sasa nikwambie ukweli, maana kwa simu ningeshindwa. Siku ile nilimbeba Mama Achola, muuza omena na samaki wengine, mvua ikatukuta njiani. Koti lako, nililokuwa nimelifunga nyuma ya kiti, nilimpa yeye asilowe. Mimi nilikuwa na helmeti na kijaketi changu basi. Tulipoteleza, yeye aliinuka akajipangusa matope. Mimi mkono wa kushoto ulichunika kutoka kiwiko hadi kiganjani. Ile picha niliyokutumia nimevaa koti, nililivaa kwa ajili ya picha tu. Nilikuacha ulisifu kwa sababu niliona haya. Nisamehe, Baba.

Joram anakuletea koti pamoja na barua hii. Kiwiko kimetoboka na kifungo kimoja kimepotea. Lishone kwa uzi wa nyavu, kama ulivyozoea. Mkono ukipona nitakuja kulichukua mwenyewe. Nitachuchumaa pale mlangoni unifunge vifungo, na cha mwisho ukicheleweshe upendavyo.

Mpe Mama salamu zangu, na usimfiche habari ya mkono.

Ni mimi binti yako,
Lorine