Maji Yaliyolala Ukutani

Newala, 9 Agosti 1956

Sheikh Abdulkadiri, wazee wa Mkunya, akina mama, nawe dada yangu Mama Sophia, shikamooni.

Huku ukungu wapanda kutoka Ruvuma, na mikorosho imechanua. Zahanati tunayoijenga ina kuta za mbao za jasi, unga wa jiwe ulioganda kati ya karatasi. Niliuweka ubao mmoja mbele ya moto wa kupikia. Ukafuka mvuke, na kiganja changu kikatulia upande wa pili bila kuungua hadi ugali ukaiva. Ndani yake mna maji yaliyolala, na moto hauvuki mpaka uyakaushe.

“Lukmani, umeposa ukuta?” mafundi wakanicheka.

Dada, jiko lako liliposhika moto uliokoa kwanza mtungi wa maji uliyoyapandisha kutoka bondeni kutwa nzima. Ningefanya vivyo hivyo. Hatukumwahi mwanao Sophia, aliyelala nyuma ya ukuta wa mianzi.

Jasi haizimi moto. Huuchelewesha, mama akapata kumnyanyua mwanawe.

Basi wazee, nimeamua, nanyi mtekeleze: Ijumaa baada ya sala, watu wanane waje huku wachukue mbao za jasi nilizopewa kazini. Kabla dada hajajifungua, zisimame kati ya jiko lake na kitanda.

Mdogo wenu,
Lukmani bin Rajabu