Kikohozi cha Bosi

3 Machi

Shikamoo mama,

Mguu unaendeleaje? Mimi mzima, ila ofisini tumeingiliwa na ugonjwa wa ajabu. Ulianza kwa bosi kukohoa. Karani naye akawa anakohoa mara mbili kabla ya kusema neno. Kesho yake akaota kitambi cha bosi, kisha masharubu yake. Sasa hata dada mfagizi anayo! Ofisi nzima mabosi, chai hakuna wa kuchemsha. Usicheke mama, naogopa. Jana na mimi nilikohoa.

Mwanao, Bata

10 Machi

Marahaba Bata wangu,

Mguu haujambo, mdomo ndio mzima zaidi. Nimecheka hadi jirani akaja kuuliza kulikoni, lakini moyo umeshtuka. Kunywa tangawizi. Mwisho wa mwezi unakuja nyumbani, si ndiyo? Namtaka mwanangu yuleyule. Masharubu sikuyazaa mimi.

Mama

24 Machi

Kwa Mama Mhusika,

Ofisi imepokea barua yako. Ombi la kuonana linafanyiwa kazi, utajulishwa. Jina ulilotumia halitambuliki hapa.

Mwana (Mkuu)

28 Machi

We Bata!

Salamu sikupi. Mhusika ndiye nani? Mimi niliyekufuta kamasi kwa upindo wa gauni langu? Siku ya kwanza ya shule ulivaa viatu vya dada yako, ukaingia darasani kifua mbele, unayumba kama bata. Ndipo nilipokupa jina. Nimelia, ujue. Isome barua hii kwa sauti mbele ya mabosi wenzako. Ukikohoa, anza upya.

Mama yako, hana cheo kingine

19 Aprili

Shikamoo mama yangu,

Nisamehe. Nilisoma, nikakohoa, nikaanza upya. Nilipofika kwenye viatu vya dada, karani akacheka, nami nikacheka, masharubu yakadondoka mezani! Kila mtu akataja jina lake la nyumbani: Kijiko, Chura, Bibi Mdogo. Vitambi vikanywea.

Amebaki bosi. Kumbe naye aliambukizwa na bosi aliyemtangulia. Jana alifunga mlango, akaniuliza taratibu kama unaweza kumwandikia na yeye. Mama yake alishafariki, na jina alilokuwa akimwita amelisahau.

Jumamosi nakuja. Nije naye?

Bata

22 Aprili

Wanangu,

Mje. Mlango nitaufungua mwenyewe, nimwone anavyotembea. Jina litapatikana.

Mama yenu