Shangazi, Uliposema Hujui

Mpendwa Shangazi,

Filamu imekamilika. Bila wewe ningekuwa bado nazunguka na kamera nikiwahoji madaktari na wanasheria kuhusu wagonjwa wanaotaka kujichagulia siku ya kufa. Wote walikuwa na majibu. Wewe ndiye uliyenipa maswali.

Uliwaogesha na kuwalisha watu waliokuwa wakingoja kifo kule kwenye makao ya wazee ya Golden Valley, miaka mingi kabla kansa haijakupata mwenyewe. Nakumbuka mchana ule nyumbani kwako mtaa wa Cedar, ukiwa umejifunika blanketi mbili mbele ya kamera yangu, uliponisimulia habari za mzee Mzungu uliyemtunza. Alihamia jimbo jingine, ambalo sheria yake inamruhusu daktari kumpa mgonjwa dawa ya kumaliza maisha yake. Asubuhi ya siku aliyoichagua, alikupigia simu kukuaga.

"Ukamwambia nini?"

"Nilimwombea."

"Abadili nia?"

"La. Asiogope. Halafu akaniuliza kama bado naimba vibaya nikipiga deki. Tukacheka sana."

Nilishangaa. Wewe, kiongozi wa akina mama kanisani! Nikakuuliza: kama dawa hiyo ingeruhusiwa hapa Minnesota, ungeinywa? Ulivuta blanketi mpaka kidevuni.

"Sijui," ukasema. "Na usiikate hiyo kwenye filamu. Waache wanisikie nikisema sijui."

Ulichojua ni kwamba kemo, zile dawa kali za kansa, ilikuwa imekutosha. Baba alipandwa na hasira. "Dada, kuacha matibabu ni kujiua!"

Ukamshika mkono. "Kaka, hii kemo imeninyima hata hamu ya ugali. Niache nile."

Na ukala kweli. Wiki zile ulinituma sukuma wiki na samaki, ukawakemea wajukuu kwa kukujibu Kiingereza, ukataka kujua kamera inapigaje picha gizani. Ulifariki usingizini, Baba amekaa kando ya kitanda, mkono wako bado mkononi mwake.

Jumapili iliyopita nilimwonyesha filamu. Nilingoja anihubirie. Alitazama hadi mwisho, akavua miwani, akaifuta kwa shati.

"Yule mzee," akasema, "alikuwa na mtu karibu yake?"

"Binti yake."

"Afadhali."

Bado najiuliza alikuwa akimwona nani: wewe, yule mzee, au yeye mwenyewe.

"Na mimi siku yangu ikikaribia," akasema, "uniulize mwenyewe ninataka nini. Usiwaulize wazee wa kanisa."

Sikungoja siku hiyo, Shangazi. Nilimuuliza palepale. Tulizungumza mpaka chakula kikapoa mezani, na hakuna aliyeinuka kukipasha moto.

Lala salama. Ninakukumbuka zaidi ninapomsikiliza kaka yako.

Binti yake, aliyekuchosha kwa maswali