Msichana wa Tokyo Aliyekata Nywele

Mama yangu,

Tangu tukuzike, dada zake baba wamenikalisha kitako mara mbili. Wanataka niache chumba changu cha mjini, Randburg, nirudi nyumbani nimtunze baba, na hizo sinema za Kijapani ninazosomea nizisahau. Wanasema wewe ndivyo ulivyotaka. Ulichotaka nakijua mimi.

Unaikumbuka ile Jumamosi? Nilikuwa mwaka wa pili, nimekata nywele, navaa suruali, nawe wiki ya tatu hunisemeshi. Nikakubembeleza uje chuoni uone sinema ya kale ya Kijapani, ya kabla ya vita, isiyo na sauti. Ulikuja na kanga chini ya koti, umenuna.

Nilikutafsiria maandishi ya kwenye skrini kwa kunong'ona. Msichana mpiga taipu wa Tokyo, nywele fupi, anapanda treni peke yake kwenda kazini. Baba yake analia kwamba mji umemharibu. Kaka yake anamzaba kofi. Mwisho anavaa kimono, vazi lao la jadi, anapiga magoti, anaomba radhi.

Taa zilipowaka nilingoja useme, "Umeona?" Ukaniuliza, "Nani kaitengeneza?"

"Mwanamume, mama."

"Alikuwa na hofu huyo. Treni anaipenda, taa za umeme anazipenda, maduka mapya anayapenda. Kinachomtisha ni msichana tu."

Mwalimu wangu alihitaji muhula mzima kusema hivyo.

Kwenye foleni ya teksi ndipo ukanieleza jambo ambalo hukuwahi kunieleza: kwamba babu, kule Morogoro, alikupiga kofi mbele ya wageni siku uliposema utaolewa na mkimbizi wa Afrika Kusini. Akakuamuru upige magoti. "Sikupiga," ulisema. Kisha ukanitazama kichwa. "Nywele hizo bado sizipendi. Ila usije ukazifuga kwa kumwogopa mtu."

Jana niliwajibu shangazi, kwa Kizulu na kwa adabu. Baba nitampikia kila Jumapili. Chumba siachi, masomo siachi. Shangazi mkubwa akasema mji umeniharibu. Baba, aliyekuwa ameketi nasi, akasema, "Mwacheni. Mama yake alikuwa hivyohivyo."

Naandika huku nalia, mama. Shangazi wakiniona watadhani nimelegea. Wasijidanganye.

Pumzika. Ya huku niachie mimi.

Binti yako