Shikamoo ya Kulwa kutoka Mnarani

Mama, shikamoo. Mwanao Doto nimefika Isaka salama, ila jua ni kali na vumbi limeniingia hadi masikioni.

Mnara wenyewe, njiapanda ya dunia nyingi, ndio huo kwenye picha ya kadi hii. Unaipita jineri yoyote ya kuchambua pamba kwa urefu, na taa yake hubadili rangi ili kila msafiri ajue njia ya dunia yake, asije akatokea kwa wengine. Ndani ni kama stesheni tu: mabenchi, mizigo, kuku wa watu.

Mlinzi aliniuliza jina, nikamwambia Doto. Naye, kama kila mtu wa kwetu anayejua Doto ni pacha anayemfuata Kulwa, akauliza, "Pacha wako Kulwa hajambo?" Nikajibu kama siku zote, kwamba alifariki akiwa mchanga.

Akashangaa. "Mbona amekaa pale anakula viazi?"

Nikageuka. Mama, ni mimi kabisa, ila amenenepa kidogo. Katika dunia yao aliyefariki ni mimi. Tulikula viazi vyake kwa karanga, tukacheka, hatukulia. Kisha akauliza, "Mama bado yupo?" Nikamwambia yupo, anasumbuliwa na goti tu. Wa kwake walimzika mwaka jana.

Taa ilipogeuka kijani, rangi ya kwao, akabeba kikapu chake akasema, "Mpe Mama shikamoo yangu."

Nilitaka kuitikia marahaba kwa niaba yako, nikaona shikamoo ile ni yako. Kwa hiyo mdogo wangu Shija akimaliza kukusomea kadi hii, uitikie mwenyewe, kwa sauti.

Doto wako